Muziki Ulio Mfukoni mwa Muuaji

Anayetaka kumwelewa Ennio Morricone, mtunzi wa muziki wa filamu, asianze na mluzi. Mluzi wa filamu zake umeigwa mno, kwenye matangazo ya biashara, kwenye vichekesho, kwenye milio ya simu, hata masikio yameuzoea na hayausikii tena. Aanze na saa.

Saa yenyewe imo katika Per qualche dollaro in più, filamu ya kauboi ya mwaka 1965 iliyoongozwa na Sergio Leone. Jambazi aitwaye El Indio, anayeigizwa na Gian Maria Volonté, ana saa ya mfukoni ambayo ukiifungua kifuniko inatoa muziki mwembamba wa kengele. Akitaka kumuua mtu kwa utaratibu anaoupenda yeye, huifungua na kumpa mwenzake sharti moja: muziki ukiisha, chomoa bastola. Muziki huo haukuwekwa kupamba picha. Ndio sheria ya pambano, na wote wawili wanausikia.

Mara ya kwanza tunaliona hilo ndani ya kanisa lililobomoka. El Indio amemkamata mtu aliyemsaliti. Mke wa mtu huyo na mtoto wao mchanga wamekwisha kuuawa nje. Saa inafunguliwa. Noti chache za juu zinaanza kuzunguka, zile zile, bila haraka. Ala nyingine zinajipenyeza chini yake, kisha kinanda cha kanisa kinalipuka kwa kauli inayomkumbusha msikilizaji ile Toccata na Fuga maarufu ya Bach. Kwa muda sauti inalijaza jengo zima. Halafu vishindo vinaondoka, kengele zinabaki peke yake, zikipungua kasi kwa sababu springi inaelekea kuisha.

Watunzi wengi wa filamu huijenga hofu kwa kupanda: ngoma zinazidi, sauti inainuka, risasi inalia kileleni. Hapa risasi inalia pale muziki unapokata roho. Mtazamaji anajikuta ametega sikio kwenye kila kengele, akijiuliza kama ndiyo ya mwisho, na kadiri sauti inavyopungua ndivyo anavyozidi kuogopa. Tazama pia nani anasikia nini. Kengele zinasikiwa na El Indio, na mateka wake, na majambazi waliosimama kando. Kinanda cha kanisa tunakisikia sisi tulioketi kwenye viti. Mpaka kati ya ulimwengu wa hadithi na ukumbi wa sinema umevukwa hadharani, na kilichouvuka ni kitu kinachoingia mfukoni.

Morricone husifiwa kwa melodi. Sipingi, ila melodi nzuri wamekuwa nazo wengi, na Nino Rota, Mwitaliano mwenzake, pengine alimzidi. Jambo ambalo sioni aliyemfikia ni hili: alijua kuchukua chombo kinacholia ndani ya hadithi, akakipa kazi ya kukumbuka, kisha akaiita okestra nzima ije kukitumikia. Mhusika anaweza kusahau, au kunyamaza, au kudanganya. Chombo chake hakiwezi.

Saa ya El Indio inakumbuka mwanamke. Tunaonyeshwa kwa vipande, El Indio akiwa amelewa bangi: alimuua mwanamume aliyekuwa naye, akambaka mwanamke mwenyewe, naye akajiua kwa bastola. Katika vipande hivyo kengele hazilii tena safi kama kanisani. Nyuma yake pamewekwa sauti zilizopinda, mithili ya kumbukumbu inayokataa kukaa sawa. Katika pambano la mwisho, kwenye uwanja wa mviringo, El Indio anaifungua saa mbele ya Kanali Mortimer (Lee Van Cleef) ambaye bastola yake imelala mavumbini. Kengele zinafifia. Zinakaribia kukoma. Na hapo, kabla noti ya mwisho haijaanguka, kengele nyingine zinaanza: Clint Eastwood ametokea akiwa na saa ya pili, pacha wa ile ya kwanza, ambayo ni mali ya Mortimer. Muziki uliokuwa uishe umeanza upya. Sheria ya muuaji imegeuzwa dhidi yake kwa sheria hiyo hiyo, na hakuna aliyehitaji kusema neno. Baadaye Mortimer atakapojulikana kuwa ni kaka wa yule mwanamke, masikio yetu yatakuwa yameshaambiwa.

Akili ya namna hii haikutokana na filamu. Morricone alizaliwa Rome tarehe 10 Novemba 1928, mtoto wa mpiga tarumbeta, naye akajifunza tarumbeta kabla ya kusomea utunzi kwa Goffredo Petrassi katika chuo cha muziki cha Santa Cecilia. Huko alipata nidhamu ya muziki wa kisasa, ule mgumu, na hakuwahi kuuacha: kwa miaka mingi alikuwa katika kundi la Nuova Consonanza, watunzi waliokuwa wakikwaruza na kugonga ala zao kutafuta sauti zisizo na jina. Lakini mkate wa kila siku ulitoka kwingine. Mwishoni mwa miaka ya 1950 na katika miaka ya 1960 alikuwa mpangaji wa muziki katika kampuni ya RCA Italiana, akiwavisha waimbaji wa kawaida nyimbo zao za dakika tatu. Mwaka 1960 alipanga wimbo wa Gianni Meccia kuhusu kopo la bati, na akatia humo sauti ya kopo lenyewe likibingirika. Nadhani kazi yake yote ya baadaye imo katika kopo hilo: kitu kinachotajwa kinapewa nafasi ya kulia, na kulia kwake kunahesabiwa kuwa muziki.

Mpangaji huanza na swali la nani apige, kabla ya swali la nini kipigwe. Ndiyo sababu Morricone hakuona haya kurudia noti zile zile. Alipofanya Per un pugno di dollari mwaka 1964, akijificha nyuma ya jina la Dan Savio, Leone (ambaye waliwahi kusoma naye shule ya msingi bila kuwa marafiki wakubwa) alitaka wimbo wa tarumbeta ulioiga filamu moja ya Marekani. Morricone akakataa kuiga, akachukua wimbo wa kubembelezea mtoto aliokuwa ameuandikia tamthilia ya televisheni, akampa mpiga tarumbeta aupige kwa madoido. Wimbo wa kumlaza mtoto ukawa wimbo wa kumwita mtu kufani. Noti hazikubadilika sana. Alibadilisha mpigaji, mahali na pumzi.

Il buono, il brutto, il cattivo ya mwaka 1966 ilifanya mbinu hiyo kuwa mfumo. Mlio ule unaofanana na wa mbweha wa jangwani, noti mbili zinazopokezana, unapewa wahusika wote watatu. Mwema anapata filimbi, mbaya anapata okarina, yule wa tatu, Tuco, anapata sauti za watu. Kwa hiyo majina ya filamu yanasema watu hawa ni tofauti, na muziki unasema ni mnyama mmoja mwenye makoo matatu. Ni uhakiki wa filamu uliofanywa ndani ya filamu, na sidhani kuna maelezo mafupi kuliko hayo.

Humo humo kuna onyesho ambalo halisemwi vya kutosha. Katika kambi ya wafungwa wa vita, Tuco anateswa ndani ya kibanda ili aseme siri ya dhahabu. Nje, wafungwa wanaamriwa kupiga muziki na kuimba ili vilio visisikike. Morricone amewaandikia wimbo mtamu, mtamu kweli, wa askari waliochoka. Kamera inakwenda na kurudi: ngumi, nyuzi, ngumi, nyuso za waimbaji wanaojua wanachokificha, mmoja wao machozi yanamlenga. Utamu wa wimbo ndio ukatili wenyewe. Tangu hapo kila muziki mzuri katika filamu za Leone una doa, maana tumeona mzuri ulivyotumiwa.

Sasa kuna mahali hoja yangu inapoyumba, na ni vyema niseme. Mbio za Tuco makaburini, zile ziitwazo L'estasi dell'oro, hazina saa wala chombo chochote mkononi mwa mtu. Kinanda, sauti ya soprano ya Edda Dell'Orso isiyo na maneno, kwaya, tarumbeta: vyote viko nje ya hadithi, na bado huenda hizo ndizo dakika kali kuliko zote alizoziandika. Mtu anakimbia kwa duara akitafuta kaburi moja kati ya maelfu, na muziki haumsubiri. Unazidi kupanda hata picha zenyewe zinageuka mistari. Naweza kujitetea kwamba hapo kinacholia ni tamaa yake, kwamba Tuco amekuwa chombo. Utetezi huo ni dhaifu kidogo, lakini sina mwingine.

C'era una volta il West, ya mwaka 1968, hainipi shida hiyo. Hapa Morricone alitunga sehemu kubwa ya muziki kabla ya upigaji picha, na Leone akaupiga uwanjani waigizaji wakiigiza, wapiga kamera wakisogea kwa mwendo wake. Matokeo yake yanaonekana pale Jill (Claudia Cardinale) anaposhuka kwenye treni na hakuna aliyekuja kumpokea. Anapita ndani ya ofisi ya stesheni, kamera inamfuata kupitia dirisha, kisha inapanda ukuta, inavuka paa, na mji mzima unafunguka huku sauti ya Edda Dell'Orso ikipasuka juu ya nyuzi. Huwezi kusema kama muziki umefuata kamera au kamera imefuata muziki.

Lakini filamu hii inaanza bila muziki kabisa. Wauaji watatu wanasubiri treni kwenye stesheni iliyotupwa jangwani. Kinu cha upepo kinakwaruza. Tone la maji linadondoka juu ya kofia ya Woody Strode. Nzi anamsumbua Jack Elam usoni. Mwenzao wa tatu anavunja vidole vyake. Dakika nyingi zinapita hivyo, na tukikumbuka Morricone alitoka katika kundi gani tunaelewa kwamba huu nao ni muziki, umeandikwa kwa kinu, kwa tone na kwa nzi. Treni inafika, hashuki mtu, watatu wanageuka waende zao. Ndipo harmonika inapolia nyuma yao.

Kauli ya harmonika hiyo haiimbiki. Noti zake zimebanana, zinasuguana, zinavutwa mbele na kurudishwa. Franco De Gemini, aliyeipiga studio, anaitoa kama mlango mzito unaokataa kufunguka. Mwenye chombo, Charles Bronson, hana jina. Watu wanamwita kwa jina la chombo hicho. Akiulizwa swali hupiga badala ya kujibu, na mara ya kwanza tunachukulia ni mtindo tu, jeuri ya kauboi.

Kisha linakuja shamba la McBain. Familia inaandaa karamu, wadudu wa jangwani wananyamaza ghafla, risasi zinalia. Mtoto mdogo anatoka nyumbani mbio na kuwakuta baba, dada na kaka yake chini. Hapo ndipo gita la umeme lenye sauti iliyochanika linapoanguka kama chuma, na watu waliovaa makoti marefu wanatoka vichakani. Kiongozi wao ni Frank, Henry Fonda mwenye macho ya buluu. Muziki ni wa Frank. Lakini sikiliza tena: pamoja na gita ile harmonika ipo. Bronson hayupo hapo, hajui hata kwamba mauaji yanafanyika. Kwa nini harmonika yake ilie ndani ya wimbo wa muuaji?

Filamu itachukua zaidi ya saa mbili kujibu, na muda wote huo Morricone ameshatuambia. Wawili hawa wana wimbo mmoja. Harmonika ni nusu yake, gita ni nusu yake, na hakuna nusu inayokaa bila nyingine. Mtunzi wa kawaida angempa shujaa wimbo wake na adui wimbo wake, halafu angewagonganisha mwishoni. Morricone amewafunga pamoja tangu mwanzo, na kazi ya hadithi imekuwa kueleza fundo lililofungwa na muziki.

Jibu linakuja wakati wa pambano, Bronson na Frank wakiwa wametazamana. Tunapelekwa nyuma: tao la matofali katikati ya jangwa, kengele juu yake, kamba. Kijana mdogo amesimama akimbeba kaka yake mabegani, na kamba imezunguka shingo ya kaka. Kijana akichoka, kaka atanyongwa. Frank, akiwa bado kijana, anatoa harmonika na kumsokomeza mdomoni. Mtoto anahema. Na harmonika, tofauti na filimbi au tarumbeta, hulia ukivuta pumzi na ukiitoa.

Hapo wimbo wote unageuka. Noti zile zilizobanana hazikuwa mtindo wala tishio. Zilikuwa pumzi za mtoto chini ya mzigo. Kila Bronson alipopiga alikuwa akihema upya pale pale alipohema siku ile, na okestra iliyojaa nyuma yake ilikuwa uzito wa kaka. Sijui katika sinema mfano mwingine ambapo melodi inafasiriwa hivi, ambapo swali la "wimbo huu una maana gani" linajibiwa kwa kuonyesha jinsi hewa ilivyopita kwenye chuma. Frank akiisha kupigwa risasi anauliza yule ni nani. Bronson anaivua harmonika shingoni na kumtia kinywani, na pumzi za mwisho za Frank zinalia kwenye vitundu vile vile. Filamu hiyo haikuteuliwa kuwania hata Oscar moja.

Nje ya filamu za kauboi mbinu iliendelea kwa sura nyingine. La battaglia di Algeri ya Gillo Pontecorvo, ya mwaka 1966, ina muziki ulioandikwa na Pontecorvo na Morricone kwa pamoja, na uamuzi wake mkubwa ni wa kimaadili: maiti za Waalgeria waliolipuliwa katika Casbah na maiti za Wafaransa waliolipuliwa mikahawani zinaombolezwa kwa muziki ule ule. Na wanawake watatu wanapojibadilisha mbele ya kioo ili wapite vizuizi vya askari wakiwa na mabomu, mazungumzo yameondolewa, tunasikia ngoma za Kialgeria peke yake. Morricone alikuwa na busara ya kutoandika kitu hapo.

Busara hiyo ilimpungukia kidogo, naona, katika The Mission ya mwaka 1986. Mwanzo wake ni wa hali ya juu. Padre Gabriel, Mjesuti wa karne ya 18, anapanda maporomoko ya maji kwenda kwa Waguarani, anaketi msituni, anatoa oboe. Ni saa ile ile, harmonika ile ile: chombo kilicho mkononi mwa mhusika, kinacholia kabla ya maneno. Mwigizaji Jeremy Irons alikuwa ameshapigwa picha akichezesha vidole, na mtunzi akalazimika kuandika melodi itakayolingana na vidole hivyo na pia na madoido ya zama hizo. Waguarani wanamzunguka na mikuki. Mmoja anaichukua oboe na kuivunja. Hadi hapo kila kitu kina hatari.

Baadaye Morricone analeta kwaya ya kanisa kwa Kilatini, analeta mdundo wa ngoma kwa ajili ya Waguarani, na katika kilele anavipandisha vyote vitatu, oboe, kwaya na ngoma, vikaenda pamoja bila kugongana. Kiufundi ni kazi ya fundi bingwa. Ila nauliza: mbona mzungu amepewa melodi na mwenyeji amepewa mdundo? Na filamu inayoishia kwa kuchinjwa kwa Waguarani, mbona muziki wake umeshapatanisha kila mtu? Katika kambi ya Tuco utamu ulishtakiwa. Hapa umeachiwa huru, na ndiyo maana wimbo wa oboe umehamia arusini na misibani bila kubeba chochote kutoka msituni. Oscar ya mwaka huo ilikwenda kwa Herbie Hancock kwa Round Midnight, na Morricone hakulificha fundo lake. Mimi ningempa kwa ajili ya onyesho la oboe kuvunjwa, si kwa kile kilele.

Miaka miwili kabla ya hapo, katika C'era una volta in America, alikuwa amefanya vizuri zaidi kwa filimbi ya matete. Mmoja wa watoto wa mtaani huko New York, Cockeye, anaipuliza katika hadithi. Gheorghe Zamfir anaipuliza katika okestra. Sauti inakwenda kati ya midomo hiyo miwili mpaka huwezi kujua kama ni mtoto anayecheza au ni Noodles, mhusika mkuu, anayekumbuka uzeeni. Leone hakufafanua, na Morricone hakumsaidia mtazamaji. Vizuri hivyo.

Oscar ya heshima ilikuja mwaka 2007, akikabidhiwa na Eastwood, ambaye pia alimtafsiria hotuba kwa vile mzee hakutaka kusema Kiingereza, kama alivyokataa kuhamia Hollywood. Oscar ya ushindani ikaja mwaka 2016, akiwa na miaka 87, kwa The Hateful Eight ya Quentin Tarantino. Muziki aliuandika kwa kusoma mswada, na Tarantino akaupachika anapotaka. Ufunguzi wake wa fagoti nzito, zinazoburuta theluji nyuma yake, unatisha bila kujitahidi. Lakini ndani ya kibanda cha filamu hiyo kuna kinanda na kuna gita. Anayepiga kinanda anapiga wimbo wa Krismasi, anayepiga gita anaimba wimbo wa kale wa wafungwa, na gita lenyewe linanyang'anywa na kuvunjwa. Hakuna hata noti moja ya Morricone iliyo mkononi mwa mtu. Muziki wake umebaki nje pamoja na farasi, na ni kwa muziki huo watoa tuzo walipomkumbuka.